Pai za Kukunja za Matufaha Katika Jiko la Nyumbani, Nakuru: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Mvua za vuli zinapoanza kunyesha Nakuru mwezi wa Oktoba, na upepo wa jioni ukateremka kutoka upande wa Menengai, harufu ya matufaha na mdalasini jikoni huwaita watu wa nyumba bila kuitwa. Nimeoka pai hizi kwa miaka mingi, kwanza kwa jiko la mkaa na baadaye kwa oveni ya gesi, na majirani na jamaa huniuliza maswali yanayofanana. Nimeyaandika hapa pamoja na majibu yake, nikieleza kwa urefu pale ambapo watu wengi hukwama.

Pai ya kukunja ni kitu gani hasa?

Ni kipande cha unga uliokandwa kwa siagi, kikasukumwa mpaka kikawa chembamba, kikatiwa matufaha yaliyopikwa, kikakunjwa na kuokwa. Anayejua kufunga sambusa tayari ana nusu ya ufundi huu mikononi mwake. Tofauti kubwa ni kwamba sambusa huchovywa katika mafuta ya moto, ilhali mafuta ya pai yamo ndani ya unga wenyewe. Wafaransa wana pai ya namna hii yenye umbo la nusu mwezi, waiitayo chausson aux pommes. Waaustria wana strudel, ambayo unga wake huvutwa juu ya meza mpaka ukawa mwembamba kama manda, na maelezo ya kale zaidi ya kuipika yanayojulikana yaliandikwa kwa mkono mwaka 1696 na yamehifadhiwa Vienna. Mimi hufundisha ile ya kukunja, kwa sababu haimsumbui sana mtu anayeanza.

Kwa nini pai hizi huhusishwa na majira ya vuli?

Katika nchi za kaskazini kama Uingereza, Ujerumani na Marekani, matufaha huvunwa kuanzia Agosti au Septemba hadi Novemba hivi, na huo ndio wakati ambapo kila nyumba yenye mti ina matunda kuliko inavyoweza kula. Vitabu vyetu hutumia neno vuli kwa majira hayo, ingawa kwetu sisi vuli ni mvua fupi za Oktoba hadi Desemba. Miezi inakutana, lakini matunda hayakutani, na jambo hili lina maana kubwa kwa mpishi. Matufaha mengi yanayouzwa Kenya hutoka Afrika Kusini, ambako mavuno makubwa huwa kati ya Februari na Mei, kwa hiyo tufaha utakalolinunua Nakuru mwezi wa Oktoba huenda limekaa miezi kadhaa katika ghala la baridi. Tunda lililokaa hivyo halijaharibika, ila uchachu wake umepungua na nyama yake imelegea kidogo. Linahitaji ndimu zaidi, na muda mfupi zaidi motoni, kuliko kipimo kilichoandikwa na mtu wa kaskazini aliyelichuma tunda lake juzi.

Ninunue tufaha la aina gani?

Chukua la kijani, yaani Granny Smith, ambalo asili yake ni Australia na limepewa jina la Maria Ann Smith, aliyeliotesha huko katika miaka ya 1860. Lina uchachu wa kutosha, na vipande vyake havisambaratiki haraka. Golden Delicious la manjano na Pink Lady pia hufanya vizuri. Lile jekundu lililokolea, lenye umbo refu kidogo na vinundu chini, ambalo ndilo hupangwa mbele kabisa kwenye vibanda kwa sababu linapendeza macho, silipendekezi: likipata moto hugeuka kuwa uji usio na ladha. Ikiwa mkoba hauruhusu kununua ya kijani peke yake, changanya mawili ya kijani kwa moja jekundu dogo la aina ya Royal Gala, na utamu wa hilo utakuwezesha kupunguza sukari.

Katika soko la Wakulima hapa Nakuru, au Kibuye ukiwa Kisumu, usione haya kulishika tunda kabla ya kulipa. Libonyeze kwa kidole gumba karibu na kikonyo, likibonyea, lirudishe. Yaliyogongwa upande mmoja, ambayo wachuuzi huyapunguzia bei jioni, yanafaa kabisa kwa pai maadamu unakata na kutupa sehemu iliyogeuka kahawia. Osha ganda kwa maji ya uvuguvugu, kwa kuwa matufaha mengi ya kuagizwa hupakwa nta.

Msomaji kutoka Pwani ataniuliza kama ninasema juu ya lile tofaa la kwao, tunda jekundu lenye nyama nyeupe laini na kokwa kubwa ndani. Hapana, lile ni tunda la mti mwingine kabisa, lina maji mengi mno, na halifai kwa kazi hii.

Na matufaha yanayopandwa hapa nchini?

Yanafaa, ukiyapata. Mtufaha wa kawaida huhitaji kipindi kirefu cha baridi ndipo utoe maua vizuri, na ndiyo maana wakulima wa nyanda zetu za juu hupanda aina zisizodai baridi nyingi, kama Anna, iliyozalishwa Israel, na Dorsett Golden ya Bahamas, ambazo huchavushana zikipandwa pamoja. Tunda lililochumwa wiki hiyo hiyo hubana zaidi, kwa hiyo liongezee dakika mbili au tatu motoni.

Kwa nini sehemu ya chini ya pai zangu hubaki mbichi na yenye unyevu?

Hili ndilo swali ninaloulizwa kuliko yote, na ukilielewa jibu lake utakuwa umeelewa karibu kila kitu kingine. Tufaha ni maji kwa takriban asilimia 85. Ukilifunga likiwa bichi ndani ya unga, joto linayatoa maji hayo, nayo hayana pa kwenda ila kuteremka na kuulowesha unga wa chini kabla haujaiva. Sukari huzidisha tatizo, kwa sababu huyavuta maji kutoka kwenye tunda hata kabla ya moto kuanza.

Kwa hiyo matufaha yapikwe kwanza katika sufuria iliyo wazi mpaka maji yapungue, yatiwe wanga wa kushika maji yaliyobaki, kisha yapoe kabisa kabla ya kugusa unga. Neno "kabisa" nalisema kwa uchungu. Mara ya kwanza niliyowaokea wageni, nilikuwa na haraka na nikayatia matufaha yakiwa bado na uvuguvugu. Siagi iliyeyuka ndani ya unga nilipokuwa bado nakunja, na trei ilipotoka motoni pai zilikuwa zimekaa katika dimbwi la mafuta, ngumu juu na zimelowa chini. Tangu siku hiyo huyapika matufaha jioni ya kuamkia siku ya kuoka.

Nipatie vipimo vya matufaha ya ndani.

Kwa pai 12 utahitaji matufaha manne makubwa kiasi, yenye uzito wa gramu 600 hivi pamoja na maganda. Yamenye, toa mioyo, kisha ukate vipande vya sentimita moja na kuvinyunyizia kijiko kikubwa cha maji ya ndimu au limau mara tu unapokata. Tufaha lililokatwa hugeuka kahawia kwa sababu ya kimeng'enya kinachofanya kazi kikikutana na hewa, na uchachu hukizuia kimeng'enya hicho.

Yeyusha gramu 20 za siagi katika sufuria pana, tia matufaha, gramu 60 za sukari, kijiko kimoja cha chai cha mdalasini na chumvi kidogo ya kushikwa kwa vidole viwili. Pika kwa moto wa wastani bila kufunika kwa dakika 6 hadi 8, ukigeuza polepole, mpaka kisu kiingie kwenye kipande lakini kipande kisivunjike. Koroga kijiko kikubwa kimoja cha wanga wa mahindi, ule mweupe laini ambao madukani huitwa konfulawa, katika vijiko viwili vya maji baridi, umimine na uache uchemke kwa dakika moja. Utaona mchuzi uliokuwa na rangi ya maziwa ukianza kung'aa na kushikamana na vipande, hapo umeiva. Mimina kwenye sahani pana upoe haraka.

Nitumie unga gani?

Unga wa ngano mweupe wa kawaida, ule wa mandazi. Unga wa chapati wenye rangi ya kahawia una pumba, na pumba hukatakata tabaka. Unga ambao tayari umetiwa beking pauda pia uachwe, kwa sababu pai hii haiumuki kwa beking pauda. Huinuliwa na mvuke wa maji yaliyomo katika siagi na katika unga. Sisi wa Nakuru hatuna kisingizio katika jambo la ngano, maana hapo Njoro, mwendo mfupi kutoka mjini, ngano imekuwa ikifanyiwa utafiti tangu enzi za ukoloni.

Donge lenyewe hukandwaje?

Chukua gramu 300 za unga, nusu kijiko cha chai cha chumvi, gramu 200 za siagi iliyotoka kwenye friji, kijiko kikubwa cha maji ya limau, na mililita 100 hadi 120 za maji baridi sana. Kata siagi vipande vya ukubwa wa kete, vitie katika unga, na uvibonyeze kwa ncha za vidole mpaka viwe bapa. Usivisage. Unataka kuona vipande vya siagi vyenye ukubwa wa punje ya haragwe vikiwa vimevikwa unga, kwa sababu kila kipande ni tabaka litakalozaliwa baadaye. Anayezoea kusugua samli ndani ya unga wa mandazi hupata shida hapa, mikono yake ikitaka kuendelea mpaka unga uwe kama mchanga. Azuie mikono yake.

Mimina maji ya limau na yale ya baridi kidogo kidogo, ukichanganya kwa uma, mpaka unga ushikane tu. Donge litaonekana lenye mabaka na lisilo na adabu. Hivyo ndivyo linavyopaswa kuwa. Lifunge kwa karatasi ya nailoni, liweke kwenye friji nusu saa.

Kisha nyunyiza unga kwenye kibao, na kwa kifimbo cha chapati usukume donge kuelekea mbele na nyuma tu mpaka uwe na mstatili wa sentimita 15 kwa 45. Kunja theluthi ya chini juu ya ile ya kati, na ya juu ije juu yake, kama mtu anavyokunja barua ya kutia katika bahasha. Geuza donge robo mzunguko, usukume tena na ukunje tena. Lipumzishe dakika 30 kwenye friji, halafu usukume na ukunje mara mbili nyingine. Kwa mikunjo minne ya namna hii, tabaka moja huwa 3, kisha 9, kisha 27, kisha 81. Ukilikata donge kwa kisu kikali baada ya mkunjo wa mwisho, tazama ubavu wake: utaona mistari myembamba ya manjano na nyeupe ikipishana, na ukiiona mistari hiyo una hakika pai zitainuka.

Mapumziko ya kwenye friji hayarukwi. Unga uliosukumwa bila kupumzika hurudi nyuma kama mpira, na siagi iliyopata joto hunyonywa na unga, nazo tabaka hupotea.

Naweza kutumia majarini au mafuta magumu ya kupikia?

Unaweza. Majarini ngumu ya kuokea, inayouzwa kwa vipande, hufanya kazi, lakini ile laini ya kupaka mkate haifai. Mafuta magumu meupe ni rahisi kuyashika siku ya joto, ila hayana maji, na karibu asilimia 16 ya siagi ni maji, ambayo ndiyo hutoa sehemu ya ule mvuke. Pai ya mafuta meupe huvunjika vizuri mdomoni lakini haiinuki sana, tena haina ladha ya siagi. Ninapobana matumizi hutumia nusu siagi na nusu mafuta magumu.

Mimi niko Kisumu na siagi inayeyuka mikononi. Nifanyeje?

Siagi hulegea mapema na huyeyuka kabisa kwenye nyuzi joto 32 hadi 35 hivi, na mchana wa Kisumu mara nyingi haupungui sana kutoka hapo. Fanya kazi alfajiri. Weka unga, kibao na hata kifimbo kwenye friji usiku kucha, na upumzishe donge baada ya kila mkunjo badala ya kila miwili. Siagi ikianza kung'aa juu ya unga, acha kila kitu na urudishe donge kwenye ubaridi kwa dakika 20. Kuongeza unga mkavu ili kuficha unyevu ni kulikausha donge bure.

Je, mwinuko wa Nakuru unabadilisha chochote?

Unabadilisha, na vipimo vingi vilivyoandikwa ughaibuni havilizingatii jambo hili. Nakuru iko mita 1,850 hivi kutoka usawa wa bahari, na hapa maji huchemka karibu na nyuzi joto 94 badala ya 100. Kisumu, iliyo kwenye mita 1,130 hivi, huchemsha karibu na 96. Kwa sababu hiyo matufaha huchelewa kulainika, jambo ambalo ni sababu nyingine ya kuyapika kabla. Hewa yetu pia ni kavu zaidi na maji hupotea upesi, kwa hiyo donge la Nakuru, na hasa la Molo ambako ni juu zaidi, hudai kijiko kimoja au viwili vya maji zaidi ya donge la pwani. Anza na mililita 100 na usikilize vidole vyako.

Nikunje vipi, na kwa nini zangu hupasuka?

Sukuma donge liwe na unene wa milimita 3, ukate miraba 12 ya sentimita 12 kila upande. Weka vijiko viwili vikubwa vya matufaha karibu na pembe moja, pakaza maji kwenye kingo, kunja iwe pembetatu na ufinye kingo kwa uma. Pai hupasuka kwa sababu mbili: tamaa ya kujaza kupita kiasi, na kusahau kutoboa tundu la mvuke juu. Mikato miwili midogo ya kisu inatosha. Kisha zirudishe kwenye friji dakika 15 kabla ya kuzioka.

Joto liwe kiasi gani na kwa muda gani?

Nyuzi 200 kwa dakika 25 hadi 30, oveni ikiwa imepashwa moto vizuri kabla na trei yenyewe ikiwa ya moto. Ziivye mpaka ziwe na rangi ya kahawia iliyokolea. Wengi huzitoa zikiwa za manjano kwa kuogopa kuziunguza, na pai ya manjano haijaiva ndani.

Sina oveni. Naweza kuoka kwa jiko la mkaa?

Unaweza, na nilioka hivyo miaka mingi. Tafuta sufuria kubwa, nzito na ya zamani, ambayo hutasikitika ikibadilika rangi, maana kupashwa moto ikiwa kavu huichakaza. Tandaza mchanga safi na mkavu sentimita tatu ndani yake, funika, na uipashe moto kwa dakika 20. Weka trei ndogo juu ya mawe matatu bapa yaliyokaa kwenye mchanga, ili pai zisiguse joto moja kwa moja. Mfuniko uwe bapa, na juu yake uweke makaa mengi kuliko yaliyo chini. Kipimo changu ni theluthi moja chini na theluthi mbili juu, kwa kuwa rangi hutoka juu na kuungua hutoka chini.

Kujua kama joto limetosha, mimi hunyunyiza unga kidogo kwenye trei tupu. Ukigeuka kahawia baada ya dakika mbili hivi, ni tayari. Ukiwa mweusi mapema, ondoa makaa ya chini. Baada ya dakika 15 inua mfuniko kwa uangalifu, jivu lisianguke ndani, uache mvuke utoke, kisha ufunike tena. Mvuke uliofungiwa hulainisha unga. Pai nne au tano kwa awamu zinatosha, na kila awamu huchukua dakika 30 hadi 40.

Jambo moja nalisisitiza kwa moyo wote: jiko la mkaa lisiwashwe katika chumba kilichofungwa, hata kama mvua inanyesha na baridi ni kali. Gesi yake ya kaboni monoksaidi haina rangi wala harufu, na huua. Oka barazani au mahali penye hewa inayopita.

Wengi hupaka yai juu ya pai kabla ya kuzioka ili zipate rangi. Nisipotumia yai?

Paka maziwa yaliyokorogwa na sukari kidogo. Rangi itakuwa hafifu kuliko ya yai, lakini wageni wasiokula mayai, ambao ni wengi katika miji yetu, watakula bila wasiwasi.

Mbali na mdalasini, nitie viungo gani?

Iliki, ambayo tumeizoea katika chai na mandazi, huenda na tufaha vizuri kuliko watu wanavyodhani. Punje tatu zilizotwangwa zinatosha. Kungumanga ikwanguliwe kidogo tu. Karafuu moja iliyosagwa ni nyingi tayari.

Matufaha yakiwa ghali, kuna tunda jingine?

Peasi ngumu hufuata njia ile ile bila mabadiliko. Embe bichi linaloanza kuiva, lenye uchachu, ni zuri sana, na mimi huliongezea sukari gramu 20. Nanasi lina maji mengi, kwa hiyo lipikwe muda mrefu zaidi na wanga uongezwe nusu kijiko.

Zikibaki, au nikitaka kuzitengeneza mapema?

Zihifadhi kabla ya kuokwa, ikiwezekana. Zigandishe kwenye trei, kisha zitie katika mfuko wa kuhifadhia chakula na uzirudishe kwenye friza. Hukaa mwezi mmoja bila shida, na huokwa zikiwa bado zimeganda kwa dakika tano au saba za ziada. Umeme ukipotea kwa muda mrefu na zikalainika, zioke siku hiyo hiyo wala usizigandishe tena. Zilizookwa hukaa siku mbili kwenye bakuli lililofunikwa kwa kitambaa, maana chombo cha plastiki kilichofungwa huzilowesha. Kuzipasha, tumia kikaango kikavu chenye mfuniko, kwa moto mdogo, dakika tano upande wa chini, kisha uondoe mfuniko kwa dakika mbili ili unga urudi kukauka.